Filamu ya kutisha kutoka Mikindani: uanze na nini, na usiuze nini

Swali: Nina miaka 26, naishi Mikindani, napiga picha za harusi na mahafali. Nina kamera moja, kompyuta na akiba ya milioni mbili. Nataka kutengeneza filamu za kutisha kwa kujitegemea, kama wale ambao filamu zao zilifanyika kwa fedha kidogo lakini watu wanazitafuta mpaka leo. Nimeandika skripti ya dakika 90 kuhusu msukule. Wenzangu wananiambia nihamie Dar es Salaam nikatafute msambazaji. Nifanyeje?

Jibu: Skripti ya dakika 90 iweke kwanza, haiozi. Kwa milioni mbili utapata filamu ya dakika 12 iliyo safi, au filamu ya dakika 90 ambayo maneno hayasikiki na mwigizaji mkuu ameacha kuja tangu siku ya tisa. Hiyo ya dakika 12 inaweza kukufungulia kazi ya miaka ishirini. Hiyo nyingine itakumalizia akiba na marafiki kwa pamoja.

Hawa unaowataja ndivyo walivyoanza. Sam Raimi na wenzake wa Michigan, Marekani, kabla ya The Evil Dead ya mwaka 1981, walitengeneza kwanza filamu fupi iitwayo Within the Woods kwa dola zipatazo 1,600. Haikukusudiwa kuingia sokoni. Waliibeba wakawaonyesha madaktari wa meno, mawakili na wafanyabiashara wa kwao, wakachangisha fedha za ile ndefu. Tajiri wa korosho au mwenye duka la vifaa vya ujenzi pale Mtwara mjini hatasoma kurasa zako 90, lakini ataangalia dakika 12 kwenye simu yake huku anakunywa chai.

Kuhusu kuhama, mtazame George Romero. Hakwenda Hollywood. Alibaki Pittsburgh, na kampuni yake ndogo iliishi kwa kutengeneza matangazo ya biashara, kama wewe unavyoishi kwa harusi. Ilipofika wakati wa Night of the Living Dead, filamu yake ya wafu wanaotembea, watu kumi walichanga dola 600 kila mmoja, zikawa 6,000 za kuanzia. Gharama zilipopanda hadi karibu dola 114,000, fedha zilizopungua ziliongezwa na wawekezaji waliokuwa wameshaona kwamba kazi inakwenda. Nyumba ya shambani walimopigia picha ilikuwa inangoja kubomolewa, kwa hiyo waliweza kuichafua na kuivunja watakavyo. Damu yao ilikuwa sharubati ya chokoleti, maana filamu ilikuwa ya rangi nyeusi na nyeupe. Ilitoka mwaka 1968 na mpaka sasa inaonyeshwa.

Kwa hiyo baki Mikindani. Unavyo vitu ambavyo mwenzako wa Sinza, Dar es Salaam, atavilipia nauli, hoteli na posho: magofu ya mawe ya matumbawe, mikoko, na mashamba ya mikorosho. Mkorosho mkubwa matawi yake hushuka mpaka karibu na ardhi, chini yake kuna giza hata saa tisa alasiri, na majani makavu yanapiga kelele kila mtu anapokanyaga. Huko tayari kuna mahali, mwanga na sauti vya filamu ya kutisha, na mwenye shamba ni jirani yako. Muulize tu ratiba yake ya kupuliza salfa, ile dawa ya unga ya mikorosho, kwa kuwa miezi ya Juni hadi Agosti mashine zinanguruma alfajiri na usiku upepo ukitulia, na vumbi lile linaunguza macho ya waigizaji na kuingia kwenye lenzi. Uliza pia atapalilia lini. Wakulima hufagia chini ya miti kabla ya korosho kuanza kudondoka, na ukichelewa utakuta zulia lako la majani limeshachomwa moto.

Hadithi iwe ya nyumba moja, watu watatu, usiku mmoja. Kurasa 12, kila ukurasa uhesabu dakika moja. Kwa kikosi cha watu watano, usiku mmoja unatoa kurasa tatu, ukijitahidi sana nne. Yaani usiku wa kazi ni minne, na wa tano uwe wa akiba kwa sababu lazima kitu kitaharibika.

Msukule ni wazo zuri, ila tayari Mussa Banzi na wenzake wa kizazi cha kwanza cha sinema za Bongo walishautambulisha uchawi na mizimu kwenye video, kwa filamu kama Nsyuka na Shumileta. Ukirudia jini mwenye kucha ndefu na macho ya lenzi nyeupe, mtazamaji atakuwa mbele yako. Chukua kile ambacho watu wa Kusini wanakiogopa kweli na wanakisema kwa sauti ya chini: ndondocha anayelima usiku kwenye shamba la mtu aliyetajirika ghafla, au simba ambaye wazee wanasema si simba wa porini. Hilo la simba lishike kwa adabu. Tangu mwaka 1990 mpaka katikati ya miaka ya 2000 simba waliua mamia ya watu Tanzania, na Lindi ni mojawapo ya sehemu zilizoumia zaidi. Kuna familia zitakazotazama filamu yako zikiwa zimemzika mtu. Usiwafanyie mzaha. Na mtu mwenye ualbino usimweke kama zimwi wala kama dawa ya utajiri, hata kama mwigizaji mwenyewe amekubali; damu iliyomwagika kwa imani hiyo ni ya kweli.

Lingine la kwenu ni vinyago vya ngoma. Usichukue lipiko halisi, yaani kinyago cha Kimakonde cha jandoni, likawa sura ya muuaji wako. Nenda kwa mchongaji, mwambie unataka sura mpya isiyofanana na midimu (vinyago vya ngoma) ya ukoo wowote, mlipe, na muandikishane kwamba umbo hilo ni la filamu. Mwambie achonge kwa mti mwepesi na atanue tundu la mdomo, kwa sababu mvaaji wa kinyago cha kofia huonea hapo. Mwigizaji asiyeona mbele akikimbizwa shambani usiku atavunjika mguu kabla ya kumtisha mtu.

Sasa usiku wenyewe. Kosa la karibu kila anayeanza ni kusubiri giza totoro, kisha kupandisha ISO, yaani usikivu wa kamera kwa mwanga, mpaka picha inajaa punje kama uji wa ulezi. Mwezi Juni huko Mtwara jua linazama dakika chache baada ya saa 12 jioni, na baada yake una dakika kama 20 za mwanga wa buluu. Picha zote pana, yaani za nyumba, shamba na mtu anayetembea mbali, zipige ndani ya dakika hizo. Mfanye zoezi saa kumi na moja ili jua likizama kila mtu ajue anasimama wapi. Giza likiingia, piga za karibu tu kwa taa.

Taa moja inatosha. Ipandishe kwenye mti wa mita nne nyuma ya mwigizaji na pembeni kidogo, iwe mwezi. Kama ni taa ya mwanga wa mchana, ya Kelvini 5,600 (kipimo cha rangi ya mwanga), weka mizani ya rangi ya kamera kwenye 3,800. Usiku utakuwa wa buluu bila kuhangaika kwenye kompyuta. Upande wa mbele simamisha kadibodi iliyobandikwa karatasi ya foili iliyokunjwakunjwa, irudishe mwanga kidogo usoni. Piga fremu 25 kwa sekunde na shata ya 1/50, maana umeme wetu ni wa hezi 50. Ukiacha kamera ijichagulie, taa za ndani zitacheza na hakuna programu itakayoziponya vizuri. Ukiona sura haionekani, usiguse ISO. Sogeza taa. Ikitoka mita nne kuja mita mbili, mwanga unaomfikia mwigizaji unakuwa mara nne.

Na hapa kuna jambo ambalo mafunzo mengi ya mtandaoni hayakufai, kwa sababu yametengenezwa kwa ngozi nyeupe. Ngozi yetu huonekana usiku kwa mng'ao. Ukiimulika kutoka mbele kwa taa ya kamera, uso unakuwa bapa na wa majivu, na macho hayasemi kitu. Imulike kutoka ubavuni, pakaa mafuta ya nazi kidogo sana kwenye paji la uso, mifupa ya mashavu na mabega, uache taa ichore kingo. Utapata uso uliochongwa, na hofu ya mwigizaji itaonekana hata nusu ya sura ikiwa gizani. Damu nayo ni hivyohivyo: juu ya ngozi nyeusi, damu kavu ya rangi ya kahawia haionekani kabisa. Inatakiwa iwe na maji, ing'ae, na taa iipige kwa ubavu.

Ichanganye hivi. Vikombe viwili vya sukari na kimoja cha maji, chemsha kwa moto mdogo dakika kumi mpaka shira ishike mgongo wa kijiko. Ipoe. Tia vijiko vitatu vya chai vya rangi nyekundu ya chakula ya maji, kisha kijiko kimoja cha kakao uliyokwisha kuikoroga pembeni kwa maji ya moto, la sivyo itafanya madonge. Maliza kwa tone moja au mawili ya bluu, ambayo yanaondoa ule uwaridi wa juisi ya stroberi. Utapata kama nusu lita. Ijaribu mbele ya kamera na taa utakayotumia, usiiamini kwa macho. Ya mdomoni ibaki hivyo. Ya nguoni ongeza kijiko cha sabuni ya maji ili kanzu ifulike. Hata hivyo nunua kanzu mbili zinazofanana, au khanga doti nzima, kwa kuwa pigo la kwanza la damu mara nyingi hukosea. Piga picha ya doa kwa simu kila baada ya shoti. Damu iliyokuwa bega la kushoto ikihamia la kulia, kibanda umiza kizima, yaani kibanda cha kuonyeshea video, kitacheka, na ukishachekwa mara moja hutawatisha tena usiku huo.

Shira huvuta sisimizi na nzi, kwa hiyo ibaki kwenye chupa iliyofungwa mpaka dakika ya mwisho. Damu ya mnyama kutoka machinjioni usiguse: inanuka ndani ya saa moja, inaganda, na inaweza kubeba ugonjwa. Jeraha linalopasuka linafanyika kwa kondomu iliyojazwa shira, ikafungwa chini ya shati na kuvutwa kwa mshipi wa kuvulia samaki; Isaac Nabwana, mtengenezaji filamu wa Wakaliga, Kampala, amejulikana dunia nzima kwa damu za namna hiyo.

Lakini ukilazimika kuchagua kati ya damu na sauti, fedha iende kwenye sauti. Mtu akiona picha yenye kasoro huku sauti ikimkaba atabaki kwenye kiti. Picha nzuri yenye sauti ya jenereta atainuka aende zake. Nunua maiki mbili za kubana kwenye nguo, kila moja irekodi kwenye simu iliyo mfukoni mwa mwigizaji ikiwa kwenye hali ya ndege, na mpige kofi moja mbele ya kamera mwanzoni mwa kila shoti ili uzioanishe. Kila mahali rekodi dakika nzima ya ukimya watu wakiwa wamesimama tuli. Ukimya wa Mikindani una chura, mawimbi na mbwa wa mbali. Bila dakika hiyo, kila unapokata picha sikio litasikia shimo. Juni hadi Agosti upepo wa kusi ni mkali, hivyo mazungumzo usiyapange ufukweni Msimbati. Piga picha ufukweni, watu waongee ndani ya nyumba.

Sauti za nyama na mifupa tengeneza nyumbani. Bibo, lile tunda la mkorosho, lililoiva likiminywa polepole karibu na maiki ni sauti ya jicho linalotolewa, hakuna kinacholishinda. Fungua moja kwa mikono miwili, rekodi kupasuka kwa ngozi yake, kisha punguza kasi kwa nusu. Korosho yenyewe uitoe kwanza, usiipasue ikiwa mbichi, maana mafuta ya ganda lake yanababua ngozi vibaya. Mifupa ni mabua makavu ya mtama ndani ya kitambaa kilicholowa.

Muziki usiuchukue YouTube. Mfumo wao unautambua, na mapato yatakwenda kwa mwenye wimbo au video itazuiwa. John Carpenter muziki wa Halloween ya mwaka 1978 aliutunga mwenyewe, na ni piano rahisi inayojirudia. Mtafute mpiga ngoma mmoja na mama mmoja mwenye sauti ya kuomboleza, wape karatasi ya kusaini na malipo, muziki uwe wako.

Kuna hatari moja inayoweza kugharimu maisha. Mtu anayepiga mayowe usiku, na mwingine aliyevaa sanda yenye damu anatembea karibu na nyumba za watu, wataletewa mapanga na marungu. Siku tatu kabla nenda kwa mwenyekiti wa mtaa, polisi jamii na imamu wa msikiti wa karibu, taja tarehe na saa. Usiku wenyewe weka mtu mwenye fulana ya kuakisi mwanga kila njia inayoingia, mwigizaji wa zimwi asitembee peke yake hata hatua ishirini, na avae kanga juu ya vazi mpaka afike mbele ya kamera.

Karatasi za serikali zinaanzia kwa Afisa Utamaduni wa Manispaa ya Mtwara Mikindani. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya mwaka 1976 inataka kibali cha Bodi ya Filamu kabla ya kupiga picha, na filamu ipangiwe daraja la umri kabla ya kuonyeshwa hadharani. Peleka skripti na muhtasari mapema, na eleza damu ni ya sukari. Bandari na mitambo ya gesi usiielekezee kamera. Magofu ya Kilwa yana mamlaka yake na ada yake, na droni inataka kibali cha peke yake. Kwa filamu ya kwanza viache vyote viwili.

Sasa kuhusu msambazaji. Katika enzi ya kanda na CD, watengenezaji wetu wengi waliuza masta, yaani nakala mama pamoja na haki zake. Ulipokea fedha mara moja, ukasaini, na filamu ikawa si yako tena hata ikionyeshwa miaka kumi. Mtengenezaji wa filamu za namna hii haishi kwa filamu moja. Anaishi kwa rafu ya filamu sita au saba ambazo kila mpya inawarudisha watu kwenye za zamani, na rafu hiyo lazima iwe yake. Romero alilijua hilo kwa machungu: msambazaji alipobadilisha jina la filamu, kadi mpya ya jina ilitoka bila tamko la hakimiliki, na kwa sheria ya Marekani ya wakati ule filamu ikawa mali ya umma. Kila mtu akaiuza isipokuwa walioitengeneza. Hapa kwetu haki inazaliwa na kazi yenyewe, lakini isajili Ofisi ya Hakimiliki ili uwe na cheti cha kuonyesha siku ya ugomvi.

Kila anayeonekana au kusikika asaini nusu ukurasa: jina, kazi, malipo, kwamba amekubali sura na sauti yake zitumike kwenye filamu hii kwa njia zote, tarehe, mashahidi wawili. Mfanye kabla ya shoti ya kwanza, maana baada ya filamu kupendwa bei ya saini inapanda. Kama unamuahidi mtu mgawo, andika asilimia ngapi ya nini. Baadhi ya waigizaji wa The Texas Chain Saw Massacre ya mwaka 1974 waliahidiwa mgawo, wakaja kugundua ni sehemu ya kampuni iliyomiliki sehemu tu ya filamu. Uchungu ule haukuisha. Runinga ikikutaka, toa leseni: miaka miwili, runinga pekee, Tanzania pekee, na haki nyingine zote zibaki kwako.

Hifadhi nakala tatu, mbili kwenye diski tofauti na moja nje ya nyumba yako. Nabwana alikuwa akifuta kazi ya zamani ili apate nafasi ya mpya, na leo toleo la awali la filamu yake Who Killed Captain Alex? halipo, kilichobaki ni nakala yenye sauti ya VJ Emmie, msimuliaji anayeongea filamu ikiendelea, juu yake. Bahati ni kwamba sauti ile ndiyo watu wa nchi za mbali waliyoipenda. Liweke hilo akilini: wa kusimulia kwenye kibanda umiza ni mwenzako. Mpe nakala mapema, mwache aifanyie mazoezi.

Milioni mbili igawe hivi: laki saba chakula na nauli, kwa sababu watu wenye njaa saa nane usiku hawaigizi, laki nne waigizaji na wasaidizi, laki tatu na nusu sauti, laki moja na nusu taa na betri, laki moja damu, mavazi na kinyago, laki moja vibali na makaratasi, laki mbili zibaki bila kazi. Kamera mpya usinunue.

Kazi ya harusi usiiache. Andika Aprili na Mei mvua ikiisha. Piga picha mwishoni mwa Juni, giza likiingia mapema na ardhi ikiwa kavu. Hariri Julai na Agosti, ukimwonyesha mtu asiyekupenda sana na kuandika dakika anayoshika simu yake. Hapo ndipo pa kukata. Oktoba korosho zinaanza kuuzwa na fedha inaingia vijijini, basi zunguka na vibanda vya Tandahimba, Newala na Masasi, mgawane kiingilio na wenye vibanda usiku huohuo, na kila mlangoni kuwe na daftari la namba za simu za waliotaka kuambiwa ya pili ikitoka. Desemba ndipo uiweke YouTube. Matangazo yanaanza kulipa ukishafikisha wafuatiliaji 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya miezi 12, kwa hiyo usiihesabu fedha hiyo mwaka wa kwanza, na picha ya jalada isiwe ya damu, maana video ikiwekewa kizuizi cha umri matangazo yanaipungukia. Januari chukua lile daftari, hesabu namba, kisha tuma zile dakika 12 kwenye Tamasha la Filamu la Zanzibar na uende kwa yule tajiri wa korosho ukiwa na vitu viwili mkononi: filamu na daftari. Skripti ya msukule siku hiyo ndipo uitoe kabatini.